Alikokwenda Okeyo Kila Jumamosi

Siku tuliyomzika mke wangu Rosa, watu walinisifu sana. Tangu asubuhi nilikuwa nimesimama karibu na lango la boma letu, hapa nje kidogo ya Sindo, nimevaa koti, nawapokea wageni, nawaonyesha hema la wakwe na hema la kanisa, nauliza kama sufuria za wali zitatosha. Kila aliyenishika mkono aliniambia jambo lile lile: mzee, umejikaza. Nami nikajibu asante, kana kwamba nimesifiwa kwa shamba zuri. Ukweli ni kwamba sikuwa nimejikaza hata kidogo. Nilikuwa nimekauka. Tangu Rosa akate roho sikuwa nimetoa chozi, na jambo hilo lilikuwa limeanza kunitia hofu, maana nilimpenda yule mwanamke miaka thelathini na moja na sikujua machozi yake yamekwama wapi. Kisha, mahubiri yakikaribia kuanza, akaingia langoni mzee mmoja mkubwa wa mwili, mkononi ana fimbo, na namna alivyoingia iliwafanya watu wote wageuke. Binti yangu Lilian alikuwa kando yangu. Akaniuliza kwa sauti ya chini, "Baba, huyu ni nani? Ni wa kwetu ama ni wa upande wa mama?" Sikuweza kumjibu pale pale. Jibu lenyewe linachukua mwaka mzima, ndiyo maana naliandika.

Nilikuwa na miaka ishirini na minne, naishi Migori mjini, na kazi yangu ilikuwa kuandika. Msinielewe vibaya: niliandika mabango. Kinyozi, Hoteli, Usikojoe Hapa, Chumba cha Kupanga, yote hayo yalitoka kwenye brashi yangu, na watu wengi hawakujua kwamba jina langu ni Ochieng', waliniita Brashi. Kazi ya mabango huja na kwenda, lakini kazi moja haikukosa wiki hata moja. Maseremala waliokuwa na vibanda kwenye barabara ya kwenda mochari walinipa misalaba niandike. Rangi nyeupe kwanza, iachwe ikauke, kisha herufi nyeusi: jina, siku ya kuzaliwa, siku ya kufa. Kwetu miili hutolewa mochari Ijumaa na mazishi huwa Jumamosi, kwa hiyo Alhamisi ilikuwa siku yangu ya misalaba, na mingine nilikuja nayo nyumbani niimalizie mlangoni kukiwa bado na mwanga.

Nyumbani ni neno kubwa kidogo. Tulikuwa wanaume watatu katika chumba kimoja cha mabati pale Oruba: mimi, Chacha fundi wa redio kutoka upande wa Kehancha, na Okeyo. Kitanda kilikuwa kimoja, cha Okeyo, kwa sababu yeye alipanga kwanza na kwa sababu hatukumwona mtu wa kumwondoa. Sisi wawili tulilala kwenye magodoro, nguo zetu zikining'inia kwenye kamba juu yetu, na redio za watu, zilizofunguliwa matumbo, zilijaa meza nzima hadi tukawa tunakula tumeweka sahani magotini. Ugali alisonga Okeyo. Alikuwa mbeba magunia katika stoo ya nafaka, mabega mapana, watu walimwita Trela, na ugali wake ulikuwa mgumu kiasi kwamba Chacha alidai unaweza kujengea. Jioni tulikula omena au maharagwe, tukazungumza. Najaribu sasa kukumbuka maneno ya jioni zile na nashangaa kwamba nayakumbuka mengi: mpira, siasa, nani ameonekana na nani sokoni, mafuta ya taa, jinsi ya kutambua betri iliyokufa. Tulicheka sana. Lakini nikichunguza kumbukumbu hizo zote, sikuti hata jioni moja ambapo mmoja wetu alimwambia mwenzake kwamba siku yake ilikuwa mbaya. Mji ule ulijaa wanaume waliokuja peke yao kutafuta, wakapanga vyumba vya mabati, wakaitana majina ya mashine. Niliishi na Okeyo miezi saba kabla sijajua kama amewahi kuoa.

Nilichojua ni Jumamosi zake. Kila Jumamosi asubuhi Okeyo alioga kwa makini, akavaa koti la kahawia lililokuwa limembana mabegani, akapaka viatu mafuta ya kupikia, akatoka. Alirudi jioni macho mekundu na moyo mwepesi. Ndivyo nilivyoona, ingawa sikuweza kueleza. Siku nyingine zote alikuwa mtu wa maneno machache, aliyelala ameuelekea ukuta. Jumamosi jioni alitania, alipiga mluzi akiosha sufuria, na usingizi ulimchukua mara tu alipolala. Mimi nimezaliwa mdadisi, mama yangu alikuwa akisema ningeuliza hata kuku anakwenda wapi. Nilimuuliza Chacha anafikiri nini. Akasema, "Hiyo ni bibi ya mtu. Mwanaume haogi hivyo bure." Mimi nilisema ni kanisa jipya, lile la kusali Jumamosi. Nikaenda hadi kwa mwajiri wake, Mzee Bakari, mfanyabiashara mwenye asili ya pwani, nikijifanya natafuta kazi ya kuandika upya bango la stoo. Nilipomtaja Okeyo alitikisa kichwa kwa huruma. "Masikini, yule bwana ana ukoo mkubwa sijapata kuona. Kila wiki yuwazika. Mara ami, mara shangazi, mara binamu. Sisi twazika siku ile ile, tukarudi kazini. Yeye kila Jumamosi aniomba ruhusa, nami siwezi kumkatalia mfiwa." Nilirudi nyumbani nimechanganyikiwa, maana mtu anayezika kila wiki hawezi kurudi akipiga mluzi.

Ndipo nikaanza kuliona jambo lililokuwa mbele ya macho yangu muda wote. Kila Alhamisi, nilipokuwa mlangoni nikiandika misalaba, Okeyo alikuja akasimama nyuma yangu na kikombe cha chai. "Huyu ni nani?" aliuliza. Nilimsomea jina. "Wa wapi?" Nilimwambia kama seremala alinitajia. "Mzee ama kijana?" Kisha alilirudia jina polepole, mara mbili, akaenda zake. Nilikuwa nikidhani anapenda herufi zangu.

Alhamisi moja nilikuwa na misalaba miwili ya kwenda sehemu moja, kijiji cha chini ya barabara upande wa Uriri: kijana aitwaye Onyango, na bibi mzee, Mama Penina. Okeyo aliuliza kuhusu wa kwanza tu. Jumamosi nikaazima baiskeli nikamfuata, nikijificha nyuma ya watu kama mpelelezi, na hadi leo naona haya kidogo nikikumbuka nilivyofurahia. Aliteremka kwenye baiskeli ya kukodi pale njia panda, akauliza watu wawili, akashika kinjia kati ya miwa. Sasa, msomaji ambaye si wa kwetu lazima nimweleze jambo moja. Huku mwombolezaji haingii kimya katika boma lenye msiba. Akikaribia lango huanza kulia kwa sauti, akilitaja jina la marehemu, anaingia mbio hadi penye jeneza, na hapo hata mwanaume, hata yule mgumu kuliko wote, analia mpaka atosheke, na hakuna anayemtazama vibaya. Akimaliza anafuta uso, anapewa kiti, anapewa chai. Nilimwona Okeyo akivua kofia. Nilimwona akisimama kidogo, akivuta pumzi. Kisha kilio kikatoka, kilio ambacho sikujua kama kinaweza kutoka kwa mtu ninayemjua, na akaingia lile lango mbio, mikono juu, akiita, "Onyango wuod minwa! Iweya gi ng'a?" Onyango mwana wa mama yangu, umeniacha na nani?

Tatizo ni kwamba lilikuwa boma la Mama Penina. La akina Onyango lilikuwa la pili, ng'ambo ya kisima. Watu waligeuka, kwaya ikanyamaza katikati ya ubeti. Jeneza lilikuwa pale chini ya hema, na mbele yake, kwenye meza, picha kubwa ya bibi mwenye kitambaa kichwani. Okeyo aliiona picha akiwa tayari amefika mbele ya jeneza. Nilikuwa nje ya ua na niliuona uso wake, umelowa, mdomo bado wazi, jina la Onyango likiwa bado mdomoni. Kijana mmoja akaanza kucheka. Hapo mwanamke mzee, aliyekuwa amekaa chini karibu na jeneza, akamshika Okeyo kwenye suruali, akamwambia kwa Kiswahili, labda alidhani ni mgeni wa mjini, "Lia tu, baba. Hapa pia tuko na maiti." Na Okeyo akapiga magoti, akalia. Alimlilia Mama Penina kama aliyemnyonyesha. Mimi nilirudi kwenye baiskeli nikiwa na mambo mawili moyoni, na sikujua lipi ni kubwa: kicheko, na kitu kingine nisichokijua jina.

Kama ningekuwa na akili ningekihifadhi kile kitu cha pili. Niliwapelekea watu kicheko. Jumapili, Okeyo akiwa ameenda kuchota maji, nilimsimulia Chacha kisa chote, na majirani wawili waliokuwa mlangoni wakaja kusikiliza, nikasimama nikaonyesha mikono ilivyokuwa juu, mdomo ulivyobaki wazi. Nilisimulia vizuri mno. Walishika mbavu. Jambo ambalo sikulisimulia ni yule mwanamke mzee, kwa sababu sikujua namna ya kulisimulia hilo likachekesha. Jumatatu jioni tulikuwa tumekaa na sahani zetu, majirani wale wakiwa wamekuja kusikiliza mpira kwenye redio mojawapo ya Chacha. Okeyo akaingia kutoka kazini, vumbi la mahindi kichwani. Mmoja wao akainua mikono juu akalia, "Uwi! Trela wuod minwa! Umeniacha na nani?" Wote wakaangua kicheko. Chacha akadakia, "Boss, umekosea nyumba! Wafu wako next door!" Nilitaka ardhi ipasuke. Okeyo alinitazama mimi, si wao. Hakuwa na hasira, laiti angenipiga. Kisha akacheka pamoja nao, akacheka kuliko wote, akachukua sahani yake, akala ugali wote, akaosha sahani yake na zetu.

Jumamosi iliyofuata hakuoga. Alilala kitandani ameuelekea ukuta mchana mzima, jua likipiga mabati. Iliyofuata vivyo hivyo. Mluzi ulikwisha. Alianza kula nusu sahani, na Mzee Bakari alinisimamisha barabarani akaniuliza kama rafiki yangu mgonjwa, maana ukoo wake umeacha kufa na yeye ndiye anayeonekana kwenda. Mzee hakuwa akitania. Nikaingiwa na hofu ya kweli. Nilikuwa nimechukua kitu kutoka kwa yule mtu na sikujua ni nini. Alhamisi ya wiki ya tatu nilikaa mlangoni na msalaba, nikasema kwa sauti kubwa kidogo, bila kugeuka, "Huyu ni Owino. Wa Ranen. Alikuwa mwalimu. Na nimeuliza boma, liko mkono wa kulia, lina miti miwili langoni." Nikasikia kitanda kinalia, akaja akaketi kizingitini kando yangu.

"Hiyo nimeacha, Brashi," alisema.

"Omera, ndugu yangu, mimi ndiye niliwaambia."

"Najua ni wewe. Nani mwingine anajua misalaba?" Alichukua brashi moja isiyo na rangi akawa anaipitisha kwenye kiganja. "Nikueleze kitu, kwa sababu wewe ni mtu wa kuuliza. Mtoto wa siku tatu huwa hazikwi na watu. Ulijua?"

Nilisema nilijua. Kwetu kichanga huzikwa asubuhi kimyakimya, kina mama wawili watatu na jembe, hakuna hema.

"Basi. Mimi nilisimama karibu na ghala. Mke wangu alikuwa ndani, anashikwa na dada zake. Wazee wakaniambia, wewe ni mwanaume, utapata wengine, kaa imara. Nikakaa imara. Hakuna wimbo, hakuna chai, hakuna mtu alikuja. Mwezi ukaisha, mke akaenda kwao, hakurudi. Nikakuja Migori kubeba gunia. Sasa siku moja Mzee Bakari alinituma matanga ya mteja wake, nipeleke mchele. Nikafika kwa lango nikasikia watu wanalia, na mimi nikalia. Yawa, nililia! Na hakuna mtu aliuliza, kwani huyu analia nini? Walinipa kiti. Hata soda." Akatabasamu kidogo. "Nilikuwa natumia lango ya watu, hiyo tu. Sikuwa nachukua kitu yao."

Nimeishi na maneno hayo zaidi ya miaka thelathini, na bado nashangaa nilichofanya baada ya kuyasikia. Mimi, mtu niliyemfuata kwa baiskeli hadi Uriri, niliyemhoji mwajiri wake, sikupata hata swali moja. Nilikuwa na umri wa miaka ishirini na minne na hakuna mwanaume aliyewahi kuniambia jambo kama lile. Nilisema pole. Nikasema, utakula maharagwe? Akasema atakula. Nikarudi kumalizia msalaba wa mwalimu. Wiki mbili baadaye Okeyo alifunga nguo zake kwenye gunia, akatuachia kitanda, akarudi Kisegi kulima. Chacha na mimi tulipiga kura ya kitanda, mimi nikashinda, na sikulala vizuri juu yake hata siku moja.

Kisegi si mbali na hapa ninapoishi. Nimepita soko lake mara nyingi. Mara moja, watoto wangu wakiwa bado shule ya msingi, nilimwona kwa mgongo, upande wa wauza mahindi, na nikazunguka njia nyingine hadi Rosa akauliza tunamkimbia nani. Nilimwambia hakuna. Nilimsimulia Rosa mambo mengi sana katika maisha yetu, lakini hilo sikumwambia, na sasa ni mojawapo ya mambo ninayotamani angeyajua.

Basi Lilian, huyo mzee ndiye Okeyo. Alisikia redioni, katika matangazo ya vifo, kwamba Rosa, mke wa Ochieng' mwandishi wa mabango wa Sindo, atazikwa Jumamosi. Alifika langoni petu, nikiwa nimesimama na koti langu na asante zangu, akavua kofia, akasimama kidogo, akavuta pumzi. Nilimtambua kwa pumzi ile. Kisha akaingia, hakuweza tena kukimbia, alitembea haraka na fimbo, mkono mmoja juu, akiita, "Rosa nyaminwa! Iweya gi ng'a?" Rosa dada yangu. Hakuwahi kumwona hata kwa mbali. Alimlilia mbele ya watu mia tatu hadi sauti ikakatika, na mimi nikasimama pale pale, macho makavu, namwonea wivu.

Baada ya mazishi nilimkuta nyuma ya nyumba, kwenye kivuli cha tangi la maji, ana sahani ya wali magotini. Nikachukua kiti na sahani yangu nikaketi karibu naye. Tulikula kidogo. Alisema wali wa hapa ni laini, si kama ugali wake. Nilicheka. Aliuliza kama msalaba wa Rosa niliuandika mwenyewe, nikamwambia hapana, mkono ulikataa, vijana wakachapisha mjini. Alitikisa kichwa, akaendelea kula. Nami nikaona kwamba nikiliacha swali lile lipite leo, sitalipata tena.

"Okeyo," nikasema. "Yule mtoto wako. Aliitwa nani?"

Aliacha kutafuna. "Miaka hii yote," akasema, "hakuna mtu aliuliza."

"Nauliza mimi."

"Akinyi. Alizaliwa jua likitoka."

Nilitaka kusema ni jina zuri. Nililitamka kwanza, Akinyi, kwa sauti ya kawaida, jinsi nilivyokuwa nikitamka majina kabla ya kuyaandika. Nikalitamka tena, na mara hii sauti haikuwa ya kawaida, na ya tatu ilitoka bila mimi kuitoa. Nilimlilia Akinyi wa siku tatu, ambaye sikumwona, ambaye hakupigiwa hema, nikimwita aniambie ameniacha na nani, na katikati ya jina lake likaja jina la Rosa, na yakawa yanafuatana, na sikuweza tena kujizuia wala sikutaka. Watu walianza kuchungulia kutoka upande wa jikoni. Lilian alikuja mbio, mikono ina unga, akiuliza, "Baba! Nini imefanyika?"

Okeyo alikuwa ameichukua sahani yangu isimwagike. "Hakuna kitu, mama," akamwambia. "Baba yako amekuja matanga kwangu. Mletee maji, na umwekee chakula. Akimaliza atakula."